Baske Ilikua Marekani kwa Sababu Mtu Alifungua Geti

Wasee wa Kitui na Makueni, hii ni yenu. Lakini hata kama uko Nairobi ama Mombasa, kaa hapo, itakuhusu.

Kuna maneno nimesikia tangu nikiwa fomu one: ati baske ni mchezo wa watoto wa Nairobi, wa shule zenye sakafu ya mbao, wa watu wenye viatu vya elfu kumi na tano. Sisi wa Ukambani tuachiwe riadha, voliboli na kandanda. Leo nataka kuyajibu hayo maneno kwa historia. Ukisoma venye huu mchezo ulizaliwa na kukua huko Marekani, utaona haukuanza na pesa. Karibu kila mara ulipopiga hatua kubwa, kuna mtu alikuwa amefungua mlango uliokuwa umefungwa. Na hapo kwa mlango ndipo sisi tumekwama.

Tuanze mwanzo kabisa. Ni Desemba 1891, mji wa Springfield, jimbo la Massachusetts. Nje ni baridi kali, hakuna mchezo unaochezeka. Ndani ya chuo cha YMCA kuna darasa la vijana 18 wasumbufu, wamechoshwa na mazoezi ya viungo yale yale kila siku. Mwalimu wao anaitwa James Naismith, na ukweli ni kwamba hata si Mmarekani, ni Mkanada. Mkubwa wake, Luther Gulick, amempa siku 14 tu abuni mchezo wa kuwatuliza hao vijana ndani ya ukumbi.

Naismith alimwomba mtunza jengo masanduku mawili ya kutundika ukutani. Yule mzee hakuwa na masanduku. Alikuwa na vikapu viwili vya kubebea matunda ya pichi. Basi wakachukua hivyo hivyo, wakavigongelea misumari kwenye reli ya roshani, moja kila upande. Reli ilikuwa futi 10 kutoka chini, yaani mita 3.05. Hadi leo ringi ya NBA iko futi 10, kwa sababu ya roshani moja ya Springfield. Mpira ulikuwa wa kandanda, sheria zilikuwa 13, na timu zilikuwa watu tisa kwa tisa. Mechi ya kwanza iliisha moja kwa bila. Vikapu vilikuwa na matako, kwa hivyo mpira ukiingia, lazima mtu apande ngazi akautoe.

Umeona mahali pesa ziko hapo? Mimi sijaona. Nimeona mwalimu amebanwa na mtunza jengo aliyetoa alichokuwa nacho.

Na kikapu, jamani, kwetu si kitu kigeni. Akina susu wanasuka kyondo tangu zamani, kwa nyuzi za maganda ya mbuyu na baadaye kwa katani. Kibwezi kuna shamba la katani ambalo kila mtu aliyepita barabara ya Mombasa analijua. Kama Naismith angekuwa mwalimu Mutomo ama Nzaui, mtunza jengo angemletea syondo mbili na mchezo ungeanza jioni hiyo hiyo. Nasema hivi kwa wale wanaoamini baske imeumbwa kwa ajili ya watu wa aina fulani pekee. Imeumbwa kwa kile kilichokuwa stoo.

Kuna na hadithi ya sakafu. Mtu wa Wote ama Mwingi atakwambia, "Sisi tunachezea murram, hatuwezi kufika popote." Haya. Baske iliingia Olimpiki rasmi mwaka wa 1936, Berlin. Fainali ilichezwa nje, kwenye uwanja wa udongo uliokuwa wa tenisi, mvua ikinyesha. Mpira ukidundishwa unakwama kwenye matope. Marekani ikashinda Kanada 19 kwa 8. Hiyo ni fainali ya Olimpiki, na mzee Naismith mwenyewe alikuwa huko Berlin mwaka huo. Kwa hivyo murram yako haikuzuii kuanza. Itakusumbua, mpira utaruka kando ukigonga kijiwe, najua vizuri kwa sababu hapo ndipo nilijifunzia kudundisha. Lakini haikuzuii.

Kitu kinachozuia watu ni geti. Sikiliza hii sehemu vizuri.

YMCA ilieneza baske haraka sana, kwa sababu ilikuwa na kumbi miji mingi na wanafunzi wa Springfield walienda kila mahali na zile sheria 13. Lakini kumbi hizo hazikuwa za kila mtu. Miaka mingi matawi ya YMCA Marekani yalitenga Weusi na Weupe. Kijana mweusi alikuwa na nguvu na kipaji, na ringi ilikuwa pale pale mtaani, lakini mlango si wake.

Wakafanya nini? Mwaka wa 1923, pale Harlem, New York, Robert Douglas, mzaliwa wa kisiwa cha St. Kitts, aliunda timu ya Weusi watupu iliyolipwa. Hawakuwa na ukumbi wa michezo. Wakachezea ukumbi wa dansi ulioitwa Renaissance, na timu ikachukua hilo jina, watu wakaiita Rens. Watu wanatazama mechi, kisha bendi inapiga muziki, sakafu ile ile. Walipokuwa safarini, miji mingine haikuwapa hoteli wala chakula. Mwaka wa 1939 kukawa na mashindano ya dunia ya timu za kulipwa kule Chicago. Rens walichukua ubingwa, wakiwafunga Weupe wa Oshkosh 34 kwa 25.

Ligi tunayoiita NBA ilianza mwaka wa 1946 bila mchezaji mweusi hata mmoja. Wa kwanza kucheza mechi humo ni Earl Lloyd, tarehe 31 Oktoba 1950. Kutoka ubingwa wa Rens hadi siku hiyo ni miaka 11. Uwezo ulishaonekana kitambo. Kilichochelewa ni ufunguo.

Mwaka huo huo wa 1950, Harlem hiyo hiyo, mfanyakazi wa idara ya bustani za jiji aitwaye Holcombe Rucker alianzisha mashindano ya vijana kwenye uwanja wa wazi wa mtaa. Hakuwa tajiri. Alikuwa na uwanja wa umma, filimbi, na msimamo kwamba ukitaka kucheza, masomo yako lazima yaonekane. Vijana wengi walipata ufadhili wa chuo kupitia kwake. Baadaye mastaa wakubwa kama Wilt Chamberlain na Julius Erving wakawa wanakuja kucheza mashindano ya Rucker, watu wamepanda juu ya miti na paa ili waone. Leo uwanja unaobeba jina lake uko kwa ramani ya kila mpenzi wa baske duniani. Na bado ni uwanja wa umma.

Mwaka wa 1966 kochi Don Haskins wa Texas Western alianzisha Weusi watano kwenye fainali ya vyuo dhidi ya Kentucky, timu ya Weupe watupu, na akashinda 72 kwa 65. Baada ya hapo vyuo vya kusini vilivyokuwa vinakataa wachezaji weusi vilibaki na aibu, na polepole vikaanza kufungua.

Wasichana nao wana hadithi yao. Walianza baske karibu wakati mmoja na wavulana. Senda Berenson aliwafunza wasichana wa chuo cha Smith mara tu baada ya Naismith, akiwa amebadilisha sheria kidogo. Baske ya wasichana ikavuka bahari hadi Uingereza, ikageuzwa zaidi, ikawa netiboli, ndiyo hii mpira wa pete ambayo dada zetu wanacheza shuleni. Kwa hivyo ukiona netiboli na baske, jua ni mtu na binamu yake. Lakini Marekani wasichana walisubiri hadi sheria ya 1972 iliyokataza shule zinazopokea pesa za serikali kuu kubagua kwa jinsia. Ligi yao kubwa, WNBA, ilianza kucheza mwaka wa 1997. Ni sheria iliyofungua geti hilo, na ilichukua miaka 25 kutoka kwa karatasi hadi ligi.

Sasa turudi nyumbani. Kenya si wageni kwa huu mchezo. Mwaka wa 1993 kombe la Afrika la wanaume lilichezwa Nairobi na sisi tukamaliza nambari nne. Halafu tukapotea kwa miaka 28. Februari 2021, kule Yaoundé, Tyler Ongwae aliurusha mpira sekunde za mwisho, Morans wakafunga Angola, waliokuwa mabingwa wa Afrika mara 11 wakati huo, kwa pointi 74 kwa 73, na tukarudi. Kochi wao alikuwa mwanamke, Liz Mills kutoka Australia. Halafu angalia jirani zetu Sudan Kusini. Nchi iliyopata uhuru mwaka wa 2011, Julai 2024 ilipoteza kwa Marekani, ile ya akina LeBron James, kwa pointi moja tu, 101 kwa 100, mechi ya kirafiki London. Mwezi huo huo ikaenda Olimpiki ya Paris na kushinda mechi yake ya kwanza. Kwa hivyo mtu asituambie ati sisi watu wa ukanda huu hatuna.

Swali langu ni hili. Kitui na Makueni, kwa sensa ya 2019, tuna watu zaidi ya milioni 2. Ukitembea Wote, Emali, Kibwezi, Mwingi, Kitui mjini, ringi nyingi utakazoziona ziko wapi? Ndani ya shule za sekondari, nyuma ya geti. Mtoto anajifunza baske sekondari, anacheza mashindano ya shule, labda anafika kaunti, labda anatoka nje ya kaunti. Anamaliza shule. Siku anayobeba sanduku kurudi nyumbani ndiyo siku mchezo wake unakufa. Ana miaka 18, mwili uko sawa, na hana mahali pa kurusha mpira. Rafiki zangu kadhaa waliokuwa moto sana wameishia hapo. Na wasichana ndio wanaishia mapema zaidi, kwa sababu mvulana angalau ataruka ua.

Shule moja karibu na nilikokulia ina uwanja wa saruji na ringi mbili nzuri. Likizo nzima ya Desemba, uwanja unakauka jua. Mlinzi ana amri: mtu wa nje haingii. Simlaumu mlinzi, amri si yake. Na naelewa hofu ya shule pia: madirisha, vitu kupotea, mtu akiumia nani analipa. Ni maswali ya kweli, na yana majibu. Kuna bodi ya shule, inaweza kukaa na vijana wa mtaa, waandikishe majina, watoe mzee mmoja wa kusimamia, wakubaliane Jumamosi saa tatu hadi saa saba. Rucker alifanya kazi ya namna hiyo, masharti na yote.

Halafu kuna kaunti. Katiba ya 2010, jedwali la nne, inaweka viwanja vya michezo na bustani za burudani kwenye kazi za serikali ya kaunti. Si msaada, ni kazi yao. Makueni ilijulikana nchi nzima kwa vikao vya umma vya kupanga maendeleo kutoka kijijini kwenda juu. Vikao hivyo vijana tunaviacha kwa wazee, halafu tunalia mitandaoni bajeti ikishapita. Hapo tunajinyima wenyewe.

Na hatuhitaji uwanja mkubwa. Uwanja kamili ni mita 28 kwa 15. Lakini mchezo wa watatu kwa watatu, ambao umeingia Olimpiki tangu Tokyo, unataka ringi moja na nafasi ya mita 15 kwa 11. Hiyo ni sehemu ndogo tu ya soko lolote siku isiyo ya soko. Mchanga wa mito yetu umejenga Nairobi, lori baada ya lori. Mafundi wa kuchomelea wako kila kituo cha biashara. Na Wakamba wana kitu kinaitwa mwethya, wanakijiji kukusanyika kufanya kazi pamoja. Mwethya ndiyo ilichimba matuta yaliyookoa mashamba ya hivi vilima vyetu. Watu waliochimba matuta kilima kizima kwa majembe watashindwa kumwaga zege ya nusu uwanja?

Najua kuna mtu atasema tuna shida kubwa kuliko baske: maji, kazi, njaa ya ukame. Ni kweli, na siziweki nyuma. Lakini kijana asiye na kazi, asiye na mahali pa kwenda saa kumi jioni, pia ni shida, na kila mtaa unajua hizo saa huishia wapi. Nusu uwanja haitampa kazi. Itampa watu, saa, na sababu ya kuamka akiwa mzima.

Kwa hivyo kazi yenu ya wiki hii ni ndogo. Hesabu ringi zote zilizo mtaani kwako. Halafu hesabu zile unaweza kufikia Jumapili jioni bila kuomba mtu ruhusa wala kuruka ua. Andika hizo nambari mbili, ziweke mfukoni. Kikao cha bajeti cha wadi yako kikiitishwa, enda nazo na uzisome kwa sauti.