Nani Alishika Kamera?

Kwenye kasha la DVD ya harusi pale Mbalizi, namba ya simu ya mpiga picha ni kubwa kuliko majina ya maharusi. Kwa sinema ya zamani mambo ni kinyume. Mzee aliyetazama sinema iliyoletwa uwanjani na gari la serikali atakusimulia filamu nzima, lakini aliyeipiga hamjui. Alikuwa nani?

Wengi husema filamu zetu zilianza na Bongo Movie. Siamini. Mwaka 1935, huko Vugiri katika milima ya Usambara, mradi wa Bantu Educational Kinema Experiment ulianza kutengeneza filamu za mafunzo kwa fedha za Carnegie Corporation ya Marekani. Ulikwisha 1937. Filamu zilikuwa za milimita 16, bubu. Maneno yalikuwa kwenye santuri, na mwendesha mashine alihangaika kuzioanisha na picha. Vijana wa Kiafrika walifundishwa kazi za maabara. Ripoti inabeba majina ya wakuu wa mradi. Na wale vijana?

Nikageukia simulizi. Kuna kisa kinachorudiwa sana vitabuni: wanakijiji Waafrika walionyeshwa filamu ya usafi, wakaulizwa wameona nini, wakajibu, kuku. Kweli, kuku alikatiza pembeni kwa sekunde moja hivi. Kisa hutolewa kama ushahidi kwamba hawakujua kutazama sinema. Mimi nakisoma vingine: waliotengeneza filamu hawakumwona kuku, watazamaji walimwona. Hapo nani alikuwa na jicho la kamera?

Muhogo Mchungu ya 1952 ilinipa matumaini, maana kumbukumbu zake ni nono. Nyota wake ni Rashidi Kawawa, aliyekuja kuwa Waziri Mkuu Januari 1962. Kila msimulizi humsimulia yeye, na ni haki yake. Lakini filamu ilitengenezwa na kampuni ya Afrika Kusini. Nyuma ya kamera njia ikanifia tena. Lini basi kamera ilianza kutazama kwa macho ya hapa?

Kampuni ya Filamu Tanzania iliundwa 1968. Ila mimi nasimama kwenye These Hands ya 1992, ya Flora M'mbugu-Schelling. Wanawake wanaponda mawe machimboni Kunduchi. Nyundo inapanda, inashuka, kokoto zinaruka. Hakuna sauti ya msimulizi anayetuelekeza tuone nini, na kamera haina haraka ya kuondoka. Uvumilivu wa namna ile, mpiga picha hujifunzia wapi?