Gareth Southgate: Beki aliyekosa penalti ya Euro 96 hadi kocha wa fainali mbili

Kama ulianza kufuatilia boli enzi za Saka na Bellingham, Southgate kwako ni ule mzee mpole wa ndevu aliyekuwa anasimama kando ya uwanja akiwa amevaa smart. Fiti. Lakini kabla ya hizo nguo safi jamaa alikuwa beki, na kwa miaka zaidi ya ishirini ukitaja jina lake Uingereza watu wanafikiria kitu kimoja tu: penalti. Cheki vile ilienda.

Alizaliwa Septemba 3, 1970 pale Watford. Akaingia Crystal Palace akiwa kijana, na husimuliwa kuwa kocha wake wa huko, Alan Smith, alimwambia ile boli yake anafaa kuwa ajenti wa safari. Hiyo ilikuwa roast ya kiwango cha juu. Lakini ni huyo huyo Smith aliyekuja kuwa kocha mkuu, Southgate akiwa kapteni, wakabeba First Division msimu wa 1993/94 na kupanda Premier League. Mwaka uliofuata, kwenye nusu fainali ya marudiano ya FA Cup, Roy Keane alimkanyaga akiwa chini na akapewa nyekundu. Mafans wa Man U, hiyo mnaikumbuka ama mmeisahau makusudi?

Palace waliposhuka 1995, Aston Villa wakamnunua kwa pauni milioni 2.5. Kule Palace alikuwa anachezeshwa sana kiungo, Villa wakamrudisha nyuma kama beki wa kati. Haikuchukua hata mwaka mmoja, wakanyorosha Leeds 3-0 na kubeba League Cup ya 1996.

Sasa tufike kwa ile siku. Juni 26, 1996, Wembley, nusu fainali ya Euro, Uingereza na Ujerumani. Alan Shearer alidunga bao dakika ya tatu, Stefan Kuntz akasawazisha, muda wa ziada ukaisha 1-1. Penalti tano za kila upande zote ziliingia. Ya sita nani anapiga? Southgate, beki wa miaka 25 ambaye hata si mpigaji wa penalti, akajitolea. Akapiga chini, bila nguvu, kipa Andreas Köpke akaidaka kama amepewa zawadi. Andreas Möller akamaliza kazi. Hata mamake baadaye alimuuliza kwa nini hakuupiga tu kwa nguvu zote. Wewe hebu imagine umebomoa ndoto ya nchi nzima, alafu unafika home mathako anakuongezea hiyo.

Baadaye akatokea kwenye tangazo la Pizza Hut akiwa amefunika kichwa na mfuko wa karatasi, pamoja na Stuart Pearce na Chris Waddle waliokosa zao Kombe la Dunia 1990. Pesa ni pesa, lakini hiyo ilimfuata miaka mingi.

Mwaka wa 2001 alihamia Middlesbrough kwa pauni milioni 6.5. Huko ndiko alifanya kitu ambacho watu husahau: 2004 walichapa Bolton 2-1 kwenye fainali ya League Cup, na yeye ndiye kapteni wa kwanza wa Boro kuinua kombe kubwa. Mechi yake ya mwisho ilikuwa fainali ya UEFA Cup 2006, wakalimwa 4-0 na Sevilla. Alimaliza na mechi 57 za timu ya taifa.

Hakupumzika hata kidogo. Steve McClaren alikuwa anaenda kufunza Uingereza, Boro wakampa Southgate kazi, na wakati huo hakuwa hata na leseni kamili ya ukocha. Kuna siku alinyuka Man City 8-1, Mei 2008. Mwaka mmoja baadaye wakashuka daraja. Oktoba 2009 alipigwa kalamu usiku huo huo wameshinda Derby 2-0, timu ikiwa ya nne kwenye Championship. Manze, hiyo ni baridi.

Akarudi pole pole kupitia timu ya vijana chini ya miaka 21 kuanzia 2013. Alafu 2016 Sam Allardyce akaondoka timu ya wakubwa baada ya mechi moja tu, na Southgate akaitwa kushikilia kiti. Wengi walidhani ni wa muda. Alikaa mechi 102.

Urusi 2018, vijana wake walifunzwa kupiga penalti bila haraka, na wakaitoa Colombia. Ilikuwa mara ya kwanza Uingereza kushinda kwa penalti Kombe la Dunia. Croatia wakawatoa nusu fainali, lakini vizibao viliuzwa balaa. Euro iliyochezwa 2021 alifika fainali, Wembley tena, wakatangulia Italia dakika ya pili alafu wakarudi nyuma kulinda. Penalti zikaja. Rashford, Sancho na Saka wa miaka 19 wakakosa, wakatukanwa kwa rangi yao mtandaoni. Southgate akasema wazi kuwa ni yeye aliyewachagua, lawama iende kwake. Hapo nampa heshima yote, juu alijua vizuri hiyo kitu inauma vipi.

Shida yake? Uoga. Akiwa na bao moja alikuwa anafunga duka. Euro 2024 mafans walimrushia vikombe vya plastiki baada ya sare ya 0-0 na Slovenia. Na bado akafika fainali, ya kwanza ya Uingereza nje ya nchi yao, Hispania ikamaliza 2-1 pale Berlin. Siku mbili baadaye alijiuzulu. Kabla yake, ni Alf Ramsey pekee aliyewahi kufikisha timu ya wanaume ya Uingereza fainali kubwa, na Ramsey alifika moja.

Kwenye orodha ya heshima ya mwaka mpya wa 2025 akapewa usir. Kile kiti chake kilienda kwa Thomas Tuchel. Ndiyo, Mjerumani.