Tarehe ya Vichekesho vya Filamu Bubu na Mkuu Wake Max Linder

Asili ya vichekesho vya filamu bubu ni Ufaransa, wala si Marekani kama wengi wanavyodai. Ndugu Lumière walitangulia mwaka 1895 kwa mtunza bustani aliyerushiwa maji usoni na mpira wake mwenyewe, filamu isiyotimiza dakika moja. Akafuata André Deed, bingwa wa kuanguka na kuvunja vyombo. Kisha akaja Max Linder, na ukoo ukapata mkuu.

Max alizaliwa 1883 huko Saint-Loubès, karibu na Bordeaux, katika nyumba ya wakulima wa mizabibu. Jina alilopewa na wazazi ni Gabriel Leuvielle. Mwaka 1905 akaingia kampuni ya filamu ya Pathé. Katika filamu ya mwaka 1907 alivaa kofia ndefu ya hariri na suti ya kiungwana, akaenda kuteleza kwenye barafu, akala mweleka juu ya mweleka. Waliomtangulia walichekesha kwa upumbavu. Max alichekesha kwa heshima yake, bwana nadhifu anayepigania adabu huku kila kitu kikimwendea kombo. Kabla ya vita vya 1914 alikwisha kushangiliwa hadi Urusi.

Wapo wanaoshikilia kwamba mwanzilishi ni Mack Sennett, aliyefungua studio ya Keystone huko Marekani mwaka 1912. Sennett mwenyewe alikiri kuwaiga Wafaransa! Naye Charlie Chaplin, aliyeanzia Keystone mwaka 1914, alimwandikia Max kwenye picha akimwita mwalimu na kujiita mwanafunzi wake. Mwanafunzi akishakiri, shahidi gani tena anatakiwa?

Na ajabu ya kioo isisahaulike. Katika filamu yake ya 1921, watumishi wanavunja kioo kikubwa, na mpishi anavaa kama bwana wake na kusimama ndani ya fremu tupu. Max ananyoa, mpishi ananyoa. Max anainama, mpishi anainama. Max anapogundua hila, kioo kipya kimekwisha kutiwa, naye anarusha kiatu na kukivunja. Wachekeshaji Ndugu Marx waliurudia mchezo wa namna hiyo mwaka 1933.



Vita viliharibu afya ya Max. Alifariki Paris mwaka 1925 pamoja na mkewe, wakimwacha binti mchanga, Maud. Huyo ndiye aliyezisaka filamu za baba yake, akatoa mkusanyo mwaka 1963 na filamu ya maisha yake mwaka 1983. Anayebisha ukuu wa Max na azitazame hizo kwanza.