Leseni ya Mrima

Kwa Kidigo, mrima ni mlima. Kwa hivyo ukisema Mlima Mrima umetaja kitu kimoja mara mbili, lakini ndivyo tulivyozoea. Juu pana msitu wa hifadhi, na ndani ya msitu pana kaya, mahali pa ibada ya wazee wetu. Chini yake pana niobiamu, inayotiwa kwenye chuma kikawa kigumu zaidi, na madini adimu yanayotengeneza sumaku za magari ya umeme. Wanajiolojia walianza kupapimapima tangu miaka ya 1950.

Machi 2013, siku chache tu baada ya uchaguzi mkuu, kampuni ya Cortec Mining Kenya ilipewa leseni maalum ya uchimbaji, namba 351. Agosti mwaka huohuo, Waziri wa Madini, Najib Balala, akaifuta. Cortec ikaenda Mahakama Kuu kutaka uamuzi wa waziri upitiwe upya. Ilisema haikusikilizwa, na leseni ilitoka mikononi mwa serikali yenyewe.

Mimi chuo niliacha njiani na sheria sikusoma. Lakini hukumu za Kenya ziko wazi kwa mwenye simu na bando, nami nimezisoma. Mahakama Kuu iliikatalia kampuni mwaka 2015, na Mahakama ya Rufaa ikakubaliana nayo mwaka 2017. Hoja yenyewe haina mafumbo: mlima ni msitu uliohifadhiwa kisheria, na kuna idhini na tathmini ya mazingira inayotakiwa kabla ya leseni. Leseni ilitoka bila hayo kutimizwa. Kitu ambacho hakikuwahi kuwa halali, huwezi kulia kwamba umenyang'anywa.

Kampuni ikapeleka madai Washington, kwenye kituo cha usuluhishi cha Benki ya Dunia. Ikashindwa huko Oktoba 2018, na ombi la kubatilisha uamuzi huo likakataliwa 2021.

Kwale wengi tulishangilia, mimi pia. Lakini nikitulia, mambo mawili hayanitoki kichwani.

La kwanza: leseni haikujiandika. Kuna ofisi ya umma iliyoitia saini, kisha serikali ileile ikasimama kortini na kushinda kwa kusema saini ile haikufaa. Kisheria ni sawa. Mwekezaji naye ana wajibu wa kuijua sheria. Ila raia anabaki akijiuliza: ingekuwaje kama waziri angenyamaza?

La pili ndilo zito. Hukumu haikusema Mrima usichimbwe. Ilisema usichimbwe namna ile. Kaya iliokolewa na karatasi, na karatasi hukamilishwa. Angalia Maumba na Nguluku, huko kwenye titani. Familia zilihamishwa, mchanga ukachimbwa, shehena ya kwanza ikaondoka Likoni mwaka 2014, na Desemba 2024 mgodi ukafungwa. Kazi zilikuwepo, nisidanganye, na vijana wenzangu walizipata. Sasa wengi wao wamerudi kwenye bodaboda.

Dunia inazidi kuyataka madini adimu, kwa hivyo watu watakuja tena, safari hii na wanasheria makini zaidi. Sheria nayo imebadilika. Ile kongwe ya 1940 iliondolewa, na Sheria ya Madini ya 2016 inatenga asilimia 10 ya mrabaha kwa jamii na asilimia 20 kwa kaunti. Katiba, kifungu cha 71, inataka mikataba ya maliasili ipitishwe na Bunge.

Haya yote yana maana iwapo sisi tutayauliza mapema: mkataba uko wapi, tathmini ya mazingira iko wapi, nani aliitwa kwenye kikao, na wazee wa kaya walisema nini? Safari iliyopita maswali haya yaliulizwa na majaji, leseni ikiwa imeshatoka. Safari ijayo yafaa yaulizwe kwenye baraza la chifu, kabla kalamu haijagusa karatasi.