Kapteni Komba: Mwana wa Ziwa Nyasa aliyeimba hadi bungeni

Abiria anayetoka Dar es Salaam akifika Uyole hukuta njia panda: barabara moja inaendelea Mbeya mjini hadi Tunduma, nyingine inashuka Tukuyu na Kyela. Huko Kyela iko bandari ya Itungi, ambako zamani MV Songea na MV Iringa zilikuwa ziking'oa nanga kwenda Mbamba Bay. Katika mwambao huohuo wa Ziwa Nyasa, upande wa Ruvuma, kuna Lituhi, nyumbani kwa John Damiano Komba.

Alizaliwa Machi 18, 1954. Alifundisha shule, kisha akaingia jeshini, na cheo cha kapteni alichokipata huko kikageuka kuwa jina. Hata waliokuwa hawajui alikuwa mwanajeshi walimwita Kapteni Komba.

Mwaka 1992 nchi iliingia rasmi katika mfumo wa vyama vingi. CCM ikajikuta inahitaji kuvuta watu ambao jana walikuwa hawana pengine pa kwenda. Mwaka huohuo ikazaliwa Tanzania One Theatre, TOT, na Komba akawa kinara wake. Anayedhani TOT ilikuwa kwaya ya chama tu hakuwahi kukaa ukumbini usiku mmoja wa miaka ile. Onyesho lilikuwa na ngoma, sarakasi, vichekesho, maigizo, kwaya na taarab, na msanii wa kundi la namna hiyo alitakiwa aimbe, acheze na aigize. Komba mwenyewe, kwa mwili wake mkubwa na sauti nzito, alikuwa akisimama tu jukwaani, watu wanatulia.

Kilichonogesha zaidi ni upinzani na Muungano, kundi la Norbert Chenga. TOT ilikuwa na Khadija Kopa, aliyetoka Zanzibar. Muungano ikawa na Nasma Khamis. Mipasho ikarushwa huku na huku, mashabiki wakapanda jukwaani kutunza, na taarab ya Bara ikabadilika sura. Kwa maoni yangu hii ndiyo kazi kubwa kuliko zote iliyofanywa na TOT, ingawa si hiyo iliyokusudiwa na waliokuwa wakiifadhili.

Oktoba 14, 1999 Mwalimu Nyerere alipofariki London, redio zilijaa nyimbo za maombolezo za Komba na wenzake. Siku zile hakuna aliyeuliza mwimbaji ni wa chama gani.

Mwaka 2005 akachaguliwa mbunge wa Mbinga Magharibi. Hakuwa wa kwanza duniani kupita njia hiyo. Italia ilikuwa na Domenico Modugno, mwigizaji na mwimbaji aliyeshinda tamasha la Sanremo mwaka 1958 kwa wimbo ambao dunia inaujua kwa jina la Volare, akaingia bungeni mwaka 1987. Tofauti yao ni kwamba Modugno alikuwa ameugua kiharusi na kuliacha jukwaa kabla ya kugeukia siasa. Komba alikwenda Dodoma na jukwaa lake. Ndiyo maana alizoea kusema kwa sauti ya juu. Mwaka 2014, wakati wa Bunge Maalumu la Katiba, alitamka kwamba yuko tayari kuingia msituni iwapo muundo wa serikali tatu ungepitishwa. Akalaumiwa sana, na kwa haki: neno kama hilo jukwaani hushangiliwa, lakini kinywani mwa mbunge ni jambo jingine.

Alifariki Dar es Salaam Februari 28, 2015, akiwa bado mbunge, akazikwa kwao Lituhi. Miezi michache baadaye kampeni za uchaguzi mkuu zilianza, na wanasiasa wakapanda majukwaani wakitanguliwa na wasanii wa Bongo Fleva. Sauti zilikuwa mpya, lakini namna ya kuwaita watu uwanjani ilikuwa ya Komba.