Rehani, Tuzo na Mnada: Ushindani wa Wadai juu ya Mashamba ya Karafuu Zanzibar hadi 1938

Historia ya madeni ya mashamba ya karafuu ya Unguja na Pemba katika miaka ya 1930 imezoeleka kuandikwa kama mgogoro wa pande mbili: mwenye shamba, Mwarabu au Mwafrika, na mkopeshaji wa Kihindi. Mgawanyo huo si wa uongo, ila unaficha mvutano wa wadai wenyewe kwa wenyewe, uliojitokeza pale shamba lilipokwisha kukamatwa kwa amri ya mahakama na kusubiri mnada.

Mikarafuu haizai sawasawa kila mwaka. Mwenye shamba alikopa ili apitishe msimu mbaya na kulipa wachumaji katika msimu mzuri, na bei ilipoanguka kufuatia mdororo wa uchumi wa dunia, deni jipya lilikaa juu ya deni la zamani. Shamba moja liliweza kuwa na rehani kwa tajiri wa mjini huku mwenyewe akidaiwa pia na duka la kijijini. Mwenye duka naye alichukua bidhaa kwa mkopo kutoka mjini, hivyo alikuwa mdai na mdaiwa kwa wakati mmoja.

Rehani yenyewe mara nyingi ilivaa sura ya bei khiyari. Kwa maandishi, shamba liliuzwa, muuzaji akabaki na haki ya kulikomboa kwa muda uliowekwa. Kwa hali halisi aliendelea kulishika na kulipa kodi iliyosimama mahali pa riba. Je, shamba la namna hiyo lilipokamatwa kwa ombi la mdai mwingine, lilikuwa mali ya nani? Zaidi ya hayo, kwa desturi ya Zanzibar miti iliweza kumilikiwa mbali na ardhi, na mashamba kadhaa yalikuwa wakfu au mirathi isiyogawanywa. Kila hali kati ya hizo ilifungua mlango wa pingamizi.

Kanuni zilizotokana na Sheria ya Mwenendo wa Madai ya India ya 1908 zilijibu sehemu tu ya swali. Ukamataji ulibatilisha uhamishaji wa faragha uliofanywa baada yake kwa hasara ya wadai, lakini haukumpa aliyekamata kwanza kipaumbele. Mwenye rehani alilindwa: shamba liliuzwa pamoja na mzigo wa rehani, au, kwa ridhaa yake, liliuzwa huru na haki yake ikahamia kwenye fedha. Kilichobaki kiligawanywa kwa uwiano wa madeni miongoni mwa washinda tuzo walioomba kukaza hukumu kabla mahakama haijapokea fedha. Katika sharti hili la mwisho ndimo uzito wote ulimo. Mdai asiye na tuzo, hata deni lake liwe halina ubishi, hakuwa na fungu.

Inafaa kulinganisha na fiqhi ya Kishafii, iliyofuatwa na Waislamu wengi wa visiwani. Humo hakimu humwekea muflisi zuio, huuza mali yake na kuwagawia wadai wote kwa uwiano, baada ya mwenye rehani kupata haki yake katika kitu alichowekewa. Mifumo miwili inakaribiana kuliko inavyodhaniwa, lakini mmoja unaanza na hali ya mdaiwa, mwingine na mbio za wadai kuelekea masjala. Anayejua masjala, mwenye wakili na makazi mjini, alikuwa na nafasi kubwa zaidi.

Sheria za 1934 za kudhibiti uhamishaji wa ardhi zilisimamisha mauzo ya lazima ya mashamba ya Waarabu na Waafrika. Wasomi wamejadili sana nia yake ya kisiasa, hasa kwa kuwa zilitungwa pamoja na hatua za kuimarisha Chama cha Wakulima wa Karafuu, zilizozaa mgomo wa wafanyabiashara wa Kihindi mwaka 1937. Athari zake kwa mpangilio wa wadai hazikupewa uzito huohuo. Usitishaji ulimkinga mwenye shamba dhidi ya duka, bila kulikinga duka dhidi ya tajiri wa mjini. Sheria ya ulinzi wa ardhi na usuluhishi wa madeni ilipokuja mwaka 1938, ilimtazama mkulima na ardhi yake; deni la mwenye duka lilibaki chini ya kanuni zilezile za tuzo na mnada.