Rejesho, na Kufisha Deni

Yako maneno ambayo mtu huyazoea hata akaacha kuyauliza, na katika mambo ya mikopo ya nyumba hakuna neno lililozoeleka, wala lisiloulizwa, kama neno rejesho. Kila mwisho wa mwezi mdeni hukatwa rejesho lake katika mshahara, naye husema amerejesha, na benki nayo humwandikia kuwa amerejesha. Ilhali kurejesha, kwa asili ya neno hili katika Kiarabu na kwa matumizi yake katika lugha yetu, ni kukirudisha kitu pale kilipotoka, kama aliyeazima jembe kwa jirani hulirudisha jembe zima, wala hajisifu kuwa amelirudisha kwa kuwa amepeleka mpini.

Mtoto wa ndugu yangu, mhandisi wa meli, alikopa shilingi milioni 100 kununua nyumba nje kidogo ya mji wa Tanga. Riba ilikuwa asilimia 15 kwa mwaka, ikihesabiwa juu ya deni lililobaki, na muda ulikuwa miaka 20. Kila mwezi alitakiwa alipe shilingi 1,316,790, zisizozidi wala kupungua. Baada ya miaka mitano alinijia barazani alasiri moja, uso umemshuka.

"Ami," akaniambia, "sijaruka mwezi hata mmoja. Nimelipa milioni 79. Leo nimeomba taarifa ya deni, wameniandikia kuwa nadaiwa milioni 94. Huu si wizi?"

Nikamtaka alete karatasi, tukazikalia hadi Magharibi. Hesabu ya benki ilikuwa sahihi, haina hitilafu hata ya senti. Katika zile shilingi 79,007,400 alizozitoa kwa miaka mitano, zilizoingia katika deni lenyewe hazikufika milioni 6. Zilizobaki zote zilikuwa riba. Rejesho lake la kwanza kabisa, alilolilipa kwa furaha ya mtu aliyepewa funguo jana, liligawika hivi: shilingi 1,250,000 zilikuwa ujira wa kukaa na fedha za watu mwezi mmoja, na shilingi 66,790 tu ndizo zilizorejea zilikotoka. Nikamwambia, "Hukuibiwa, mwanangu, umedanganywa na neno."

Wazee wetu wa pwani walikuwa na neno rasilmali, yaani kichwa cha mali, kwa fedha ile ya asili ambayo mtu huitia katika biashara au humkopesha mwenziwe, ili isichanganywe na kilichozaliwa nayo. Na ndilo neno linalotumika katika Sura ya Baqara, aya ya 279, pale wanaotubu katika riba wanapoachiwa rasilmali zao wasidhulumu wala wasidhulumiwe. Leo benki husema deni la msingi, na si vibaya, lakini mimi nalipenda lile la zamani kwa sababu linakumbusha kuwa deni lina kichwa, na kwamba nyoka hafi kwa kupigwa mkiani. Rejesho, basi, ni furushi moja lenye vitu viwili ndani yake, riba na rasilmali, na ubaya wa jina lake ni kwamba limelifunga furushi lisionekane cha ndani.

Ama jina la mkataba wenyewe, tunao urithi wa kutosha. Rehani ni neno la sheria, na kwa asili lilikuwa na maana nyembamba: kitu anachokabidhiwa mwenye kukopesha akishike mpaka alipwe, kama Mtume (s.a.w.) alivyoweka deraya yake kwa Myahudi mmoja kwa ajili ya shayiri. Sheria ya Ardhi ya Tanzania ya mwaka 1999 imelipanua, ikasema rehani ya ardhi ni dhamana tu, haihamishi milki. Mdeni hukaa nyumbani mwake, na mdai hushika hati. Lakini kabla ya sheria hizi watu wa Unguja na Pemba walikuwa na njia yao nyingine, bei ya khiyari, ambayo msomaji wa leo huenda hajaisikia, na ambayo yafaa tuikalie kidogo.

Mwenye shamba la mikarafuu aliyehitaji fedha, kwa kuwa riba ni haramu na mwenye fedha hakopeshi bure, alimuuzia mwenye fedha shamba lake kwa thamani maalumu, akabakiza khiyari ya kulikomboa kwa thamani ile ile katika muda waliopatana. Na aghalabu hakuondoka shambani, bali alilipanga kwa yule yule aliyemuuzia, akawa mpangaji katika mali iliyokuwa yake jana, akitoa ijara mwaka baada ya mwaka. Ijara ile haikupunguza hata pesa moja ya thamani ya kukombolea. Angeweza kuitoa mpaka ikapita thamani ya shamba lenyewe, na siku ya kutaka kukomboa akakuta kichwa cha deni kimekaa pale pale alipokiacha. Mashamba mengi ya Waarabu na Waswahili yalizama katika madeni ya namna hiyo, na serikali ya Unguja katika miaka ya 1930 ililazimika kutunga sheria za kuwazuia wadai wasiyachukue.

Sasa mtu aitazame tena karatasi ya mhandisi wetu. Katika rejesho la kwanza, sehemu 95 katika 100 zilikuwa ijara mfano wa ile ya shamba la mikarafuu, na sehemu tano tu ndizo zilizokomboa. Tofauti ya bei ya khiyari na mkopo wa benki ni hizo tano. Nazo, niseme kwa insafu, si kitu kidogo, maana hukua kila mwezi hadi zikaimeza ijara yenyewe, ilhali ijara ya shamba haikukua kuwa ukombozi hata siku moja.

Waingereza nao walikuwa na habari hiyo hiyo, na imejificha ndani ya neno lao mortgage, ambalo watu wa mijini kwetu hulitamka mogeji. Asili yake ni Kifaransa cha kale, na maana yake ni rehani mfu. Jaji Littleton, wa karne ya 15, alilieleza kwa njia inayopendwa hadi leo na wanasheria: mdeni akishindwa kulipa, mali imemfia yeye, akilipa, imemfia mdai. Ni maelezo mazuri, lakini ya zamani zaidi ni mazuri kuliko hayo. Kitabu cha sheria cha karne ya 12, kinachonasibishwa kwa Glanvill, mkuu wa mahakimu wa mfalme Henry wa Pili, kilisema kuwa rehani mfu ni ile ambayo mdai hula mazao ya ardhi aliyowekewa, na mazao hayo yasihesabiwe katika kulipa deni. Nacho kikaihesabu kuwa ni namna ya riba. Rehani ambayo mazao yake hupunguza deni iliitwa rehani hai. Kwa hiyo ufu wa rehani ulikuwa ni huu: mali inazaa, mtu anatoa, na deni halipungui.

Kwa istilahi hiyo naweza kusema jambo la mkopo wa nyumba ambalo sioni njia fupi zaidi ya kulisema: mkopo wa miaka mingi kwa riba kubwa huanza kuwa rehani mfu, na huhuika ukielekea kuisha. Kwa mkopo wa mhandisi, rejesho la kwanza ambalo fungu lake la rasilmali limeizidi riba ni rejesho la 186, yaani miaka kumi na tano na nusu tangu alipotia saini. Nusu ya rasilmali huisha baada ya rejesho la 189. Aliyefika mwaka wa 10 akadhani amefika nusu ya safari, bado anadaiwa milioni 81 na nusu na ushei.

Na kazi hiyo ya deni kupungua hadi likaisha, Waingereza huiita amortization, nalo lina mauti ndani yake: kwa Wafaransa, waliolitoa, ni kukifisha kitu. Kwetu limefasiriwa kwa njia nyingi, na zote naziona zina walakini. Kulipa kwa awamu kunaeleza mwendo wa mlipaji, wala hakusemi lolote juu ya deni. Kudunduliza ni kuweka kidogo kidogo ili kiongezeke, na hapa kitu kinatakiwa kipungue. Kupunguza ni neno la kweli, ila halina mwisho ndani yake. Mtu aweza kupunguza milele. Mimi nasema kufisha deni. Lugha yetu inalo neno hili tayari, na kila anayejua kuwa Mungu ndiye ahuishaye na afishaye analielewa bila ya kamusi. Sehemu ya rejesho inayoingia katika rasilmali tuiite fungu la kufisha. Iliyobaki tuiite kwa jina lake, riba. Na ile karatasi ambayo benki huiita ratiba ya marejesho iwe jedwali la kufisha deni, na safu ya kufisha ipigwe chapa nzito kuliko zote.

Kuna watakaosema kuwa hili ni shindano la majina. Lakini mwenye kuuliza "Rejesho ni kiasi gani?" hujibiwa kwa shilingi za mwezi, na kwa shilingi za mwezi muda mrefu siku zote huonekana ni huruma. Mkopo ule ule ungewekwa miaka 25, rejesho lingeshuka kwa shilingi 36,000 hivi, na jumla ya malipo ingepanda kutoka milioni 316 hadi milioni 384. Ungewekwa miaka 15, rejesho lingepanda kwa shilingi 83,000 kasoro kidogo, na jumla ingeshuka hadi milioni 252. Mwenye kuuliza "Fungu la kufisha ni kiasi gani?" angeyaona haya kabla ya kutia saini.

Juu ya riba kuna gharama nyingine, na sitazikalia: ada ya kushughulikia mkopo, ya mthamini na ya wakili, ushuru wa stempu, bima ya nyumba na bima ya maisha ya mdeni mwenyewe. Zinauma siku ya kwanza, na baadhi yake kila mwaka, walakini kwa mkopo wa urefu huu ni vumbi mbele ya riba. Jambo la kuogopwa zaidi ni kifungu kinachoipa benki ruhusa ya kubadili riba katikati ya safari, maana hapo hata jedwali bora ni la kukisia.

Kwa upande wa pili, si haki kuzisoma milioni 316 kana kwamba zote zina uzito wa leo. Shilingi ya mwaka wa 20 itanunua kidogo kuliko ya mwaka huu, na mshahara yumkini utakuwa umepanda. Na mtu asiyekopa hakai barabarani, hulipa kodi ya pango, ambayo nayo haifishi chochote. Nyumba yaweza kuwa imestahili gharama yake yote. Ninachokataa ni mtu kuijua gharama hiyo baada ya miaka mitano, barazani kwa ami yake.

Benki zinazofuata sharia, zikiuza kwa murabaha, hutaja bei nzima siku ya kwanza, na faida yao ikiwa imetajwa ndani yake. Kama bei hiyo ni nafuu kuliko riba au siyo, hilo latazamwa mkataba kwa mkataba. Lakini kwa usemi imenyooka, kwani mnunuzi huondoka akijua tarakimu moja. Na sheria ya mabenki ya Kenya, tangu mwaka 2007, inamzuia mdai wa mkopo uliokwisha kuharibika asidai riba inayozidi rasilmali iliyokuwa imebaki mkopo ulipoharibika. Ni sheria ya rehema. Ajabu yake ni kuwa inamkinga aliyeshindwa; mdeni mwaminifu, anayelipa kila mwezi kwa miaka 20 kwa riba ya asilimia 15, hutoa riba ya milioni 216 kwa rasilmali ya milioni 100, na hakuna anayemhurumia.

Nilimwonesha mhandisi jambo moja zaidi. Kama siku ile alipolipa rejesho la kwanza angeongeza shilingi 67,625, ambazo ndizo fungu la kufisha la rejesho la pili, deni lingeruka mwezi mzima, na mwishoni mwa safari angeepukana na rejesho moja zima. Shilingi 67,625 zingemwokolea shilingi 1,249,165. Hakuna siku nyingine katika miaka 20 ambayo fedha kidogo ina nguvu hivyo juu ya deni hilo, na siku hiyo imekwisha kupita. Akaniuliza kama bado kuna faida ya kuongeza sasa, tukahesabu tena.

Tangu mwezi uliofuata huongeza shilingi 201,200 juu ya rejesho lake. Alikwisha kuusoma mkataba, akaona hautozi faini kwa anayelipa mapema, na kila hawala huambatisha barua yenye mstari mmoja, kwamba ziada hii ni ya rasilmali, isihesabiwe kuwa rejesho la mwezi ujao. Kwa mwendo huo, na riba isipobadilika, deni litakufa miaka mitano kabla ya muda wake, na shilingi milioni 54 na ushei zitabaki Tanga.